Kujitegemea Si Kuwa Peke Yako

Mara ngapi umesikia mtu akisema, "Ningeanza kazi hii, lakini sina vifaa"? Labda hata wewe umesema hivyo. Leo tumfikirie mtu mmoja wa Uganda. Jina lake ni Isaac Nabwana. Kazi yake ni kutengeneza sinema za mapigano.

Nabwana alizaliwa mwaka 1973. Alikulia Wakaliga, mtaa wa watu maskini mjini Kampala. Alipokuwa mtoto hakuingia katika vibanda vya sinema. Kaka yake aliingia, na aliporudi nyumbani alimsimulia. Mtoto alisikiliza, akaziona picha zile akilini mwake.

Alipokuwa mtu mzima alifyatua matofali, akaweka akiba. Alianza masomo ya kompyuta, lakini fedha za ada zikamwishia. Hakukata tamaa. Alijifundisha mwenyewe. Mwaka 2005 alianza kutengeneza sinema nyumbani kwake.

Mwaka 2010 alitoa sinema iitwayo Who Killed Captain Alex? Gharama yake haikufika dola 200 za Kimarekani. Bunduki zake ziliundwa kwa vyuma chakavu.

Watu humsifu wakisema, "Huyu amefanya yote peke yake." Mimi sikubali. Nani aliyemsimulia sinema? Kaka yake. Nani aliyeunda bunduki? Fundi wa mtaani. Nani walioigiza bila mshahara? Majirani. Waigizaji hao walipita nyumba kwa nyumba wakiuza sinema, na aliyeuza alipata nusu ya bei. Kwa hiyo kila mmoja aliiona kazi ile kuwa ni yake. Kidole kimoja hakivunji chawa.

Lakini tusidanganyane. Uhaba wa vifaa una hasara yake. Kompyuta ya Nabwana ilijaa. Akaifuta sinema ile ili apate nafasi ya kutengeneza nyingine. Leo imebaki nakala iliyouzwa mitaani tu, yenye sauti ya msimulizi juu yake. Ile ya kwanza haipatikani tena. Basi anayeanza na kidogo hana budi kukitunza hicho kidogo.

Mwaka 2019 sinema yake nyingine, Crazy World, ilionyeshwa katika tamasha la filamu la Toronto, nchi ya Kanada. Kazi ya mtaa wa Wakaliga ilivuka bahari.

Ndugu msomaji, darasani kwenu yuko seremala, yuko mshonaji, yuko anayejua hesabu. Msingoje vifaa vyote vipatikane. Kaeni pamoja, anzeni na mlicho nacho, na mgawane mapato kwa haki.

Maswali ya kuzungumza

1. Kwa nini majirani walikubali kufanya kazi na Nabwana?
2. Ninyi mngeweza kuanza kazi gani kwa vifaa mlivyo navyo?