Jiwe Liimbalo Limo Kabatini

Jioni moja, baada ya sala ya Isha, mjukuu wangu alinijia hapa nyumbani Ziwani na simu yake mkononi. Alikuwa akicheza mchezo wa ulimwengu wa kubuni, wenye majoka yanenayo na majumba yaliyojengwa mawinguni. Katika ulimwengu huo mna jiwe angavu la ajabu. Mtu akilinong'oneza, hushika sauti yake. Na mwingine akija kuligusa baada ya miaka mia, hulisikia likinena kwa sauti ile ile.

"Babu," akaniuliza, "jiwe hili lingekuwako kweli, ungetaka likuimbie nini?"

Nikacheka. Nikamwambia: "Mjukuu wangu, lipo. Limo ndani ya kabati hilo uliloegemea."

Wasomaji wangu wa pwani, huenda nanyi mkadhani uzee umeniingia kichwani. La hasha! Mwaka 1880 ndugu wawili Wafaransa, Jacques na Pierre Curie, waligundua ya kuwa mawe na chumvi za namna fulani, zile zenye umbo la fuwele, zikibanwa hutoa umeme kidogo. Jambo hilo ndilo lililotumika baadaye katika santuri nyingi zilizoimba majumbani mwetu. Sindano hupita katika mfereji wa sahani ikitikisika. Mtikisiko huibana fuwele iliyo ndani ya kile kichwa kidogo kilichoishika sindano. Fuwele hutoa umeme, na umeme huo hukuzwa na kupelekwa kwenye spika. Hapo ndipo tulipomsikia Juma Bhalo au Zein l'Abdin akituimbia sebuleni.

Marehemu ami yangu, Mwenyezi Mungu amrehemu, alipopata kazi Nairobi alikuja na santuri yake kutoka Mombasa, akaiweka katika chumba chake hapa Ziwani. Alikuwa akisema kwamba kule nyumbani kila masika sauti yake ilififia, ikawa kama ya mtu mwenye mafua, na fundi wa redio akambadilishia kichwa mara kwa mara. Majirani wakasema ni kijicho. Sababu ilikuwa nyepesi zaidi. Fuwele ya vichwa vile ilikuwa ni chumvi, na kila mama wa pwani ajua chumvi hufanyaje msimu wa mvua: huvuta maji hata ikalowa chomboni. Huku bara kwenye hewa kavu, santuri ile iliimba miaka mingi.

Wala fuwele haijatuacha. Saa nyingi za ukutani misikitini mwetu, zile zituoneshazo nyakati za sala, zina kipande kidogo cha jiwe liitwalo kwatzi, na aghalabu hutikisika mara 32,768 kwa kila sekunde. Muumba alilitia jiwe siri hiyo. Mwanadamu kazi yake ilikuwa kuitafuta.

Lakini ngano ya mjukuu wangu ina jambo moja lisilo kweli, nalo ndilo lililonifanya nishike kalamu leo. Jiwe la kweli halihifadhi chochote. Hupitisha sauti tu, kama mlango upitishavyo mgeni. Sauti yenyewe imo katika sahani na tepu. Sahani na tepu zimo katika sanduku. Sanduku liko chini ya kitanda cha mzee. Na mzee yumo katika nyumba ambayo haijulikani itasimama hadi lini. Kwa miaka mingi sasa pamekuwa na mipango ya kubomoa nyumba za zamani za Eastlands na kujenga maghorofa, na Ziwani imo katika hesabu hiyo. Sipingi nyumba bora. Nauliza tu: siku ya kuhama, ni nani atakayebeba sanduku lile?

Nasema haya nikiwa na kosa langu mwenyewe. Ami alipofariki, tuliokuwa vijana tuliona mizigo yake ni takataka. Akapita mnunuzi wa vitu vya zamani, tukampa katoni nzima kwa bei ya kilo mbili za nyama. Ndani yake mlikuwa na sahani ndogo za taarabu zilizotolewa na duka la Assanand pale Mombasa. Hizo pengine zapatikana kwa wengine. Lakini mlikuwa pia na tepu ya harusi ambayo shangazi yangu aliimba, naye hakuwahi kuimba popote pengine pa kurekodiwa. Sauti ile haimo tena duniani. Hata niwe na fuwele zote za ulimwengu, hapana hata moja itakayonirudishia.

Siti binti Saad alirekodi sahani zake Bombay mwaka 1928, akafariki mwaka 1950, na hadi leo twaweza kumsikia kwa sababu wako watu waliozitunza. Hawakuwa na uchawi. Walikuwa na kabati kavu na moyo wa kujali.

Basi nawasihi. Fungueni masanduku kabla ya wabomoaji kufika. Andikeni juu ya kila sahani na kila tepu jina la mwimbaji na mahali, maadamu yuko anayekumbuka. Tafuteni fundi anayeweza kuzinakili, na vijana wetu wenye simu wasaidie. Zile zilizo adimu, waulizeni watu wa Nyaraka za Taifa hapa Nairobi, au wa makumbusho kule Mombasa, kabla hamjamwita mnunuzi wa katoni. Na bibi aliye hai, mwombeni aimbe leo.

Mjukuu wangu ameiacha simu yake kidogo. Jana alinifutia vumbi santuri ya ami, akauliza tepu za harusi ziko wapi. Nilimweleza ukweli, na haukuwa mwepesi kuusema.