Je, Holo alifika kwao? Jibu limo kitabuni

MWANAFUNZI wangu mmoja wa kike alinisubiri mlangoni baada ya kipindi cha Kiswahili. Nilidhani ana tatizo la karo, au kuna mgonjwa nyumbani. Kumbe alikuwa na swali moja tu: “Samahani mwalimu, yule mbwa mwitu alifika kwao au hakufika?”

Nililielewa swali lake mara moja. Wiki iliyotangulia niliwakuta wanafunzi watano wameizunguka simu moja wakati wa mapumziko, wakitazama katuni ya Kijapani, zile ziitwazo anime. Nilikwenda pale kwa nia ya kuwanyang'anya simu hiyo. Badala yake nikasimama nyuma yao, nikatazama hadi kengele ikalia, na jioni nikaitafuta mwenyewe. Sasa yule binti alikuwa amefika sehemu ya mwisho, na mwisho hakuuona.

Kwa msomaji asiyeifahamu, hadithi yenyewe ni hii. Kraft Lawrence ni mchuuzi wa miaka 25, anayezunguka na gari la farasi kutoka mji hadi mji katika nchi inayofanana na Ulaya ya zamani za kati. Usiku mmoja, akitoka kijiji cha Pasloe, anamkuta msichana amelala juu ya mzigo wake. Ana masikio na mkia wa mbwa mwitu. Huyo ndiye Holo, mbwa mwitu mwenye hekima, aliyeishi Pasloe kwa karne nyingi akiyastawisha mashamba ya ngano. Wanakijiji wamepata mbinu mpya za kilimo na hawamhitaji tena. Anataka kitu kimoja tu: kurudi kwao, Yoitsu, kaskazini kwenye theluji. Lawrence anakubali kumsindikiza, na njiani wanafanya biashara.

Anime hiyo, ambayo kwa Kiingereza inaitwa Spice and Wolf, ilirushwa Japani mwaka 2008, ikafuatiwa na awamu ya pili mwaka 2009. Awamu ya pili inaishia katika mji wa Lenos, kwenye biashara ya ngozi za manyoya. Yoitsu bado iko mbali. Muziki unapigwa, majina ya watengenezaji yanapita, basi. Mwaka 2024 ilitengenezwa upya, lakini hata hiyo ilianza tena kutoka mwanzo wa safari.

Nilimwambia binti yule kwamba hadithi haikukatika. Kilichokatika ni picha tu. Hilo ndilo ninalotaka kulizungumza leo na wazazi, walimu wenzangu na vijana wenyewe.

Anime nyingi hazianzii kwenye skrini. Zinaanzia kwenye vitabu. Baadhi hutokana na vitabu vya picha viitwavyo manga, na baadhi hutokana na riwaya nyepesi, yaani vitabu vidogo vinavyoingia mfukoni, vyenye lugha rahisi na michoro michache, wanavyoviuza Wajapani hasa kwa vijana. Hadithi ya Holo ni ya aina hiyo ya pili. Mwandishi wake ni Isuna Hasekura, ambaye alitunukiwa katika mashindano ya riwaya ya Dengeki mwaka 2005, na kitabu chake cha kwanza kikatoka mwaka 2006. Hadi mwaka 2011 alikuwa ameandika vitabu 17 na kuifikisha safari hiyo mwisho. Kampuni ya Yen Press ilianza kuvitoa kwa Kiingereza mwaka 2009, na kampuni ya Ofelbe imevitoa kwa Kifaransa.

Kwa nini basi skrini ikaishia njiani? Sababu ni ya kibiashara, na Lawrence mwenyewe angeielewa. Kwa kawaida anime hugharimiwa na kamati ya makampuni kadhaa, na mara nyingi mchapishaji wa vitabu ni mmoja wao. Awamu moja huwa na sehemu kama 12 au 13, moja kwa wiki. Kwa mchapishaji, hata awamu moja inatosha ikiwa imewavuta watu kwenye vitabu. Kwa hiyo mtazamaji anayelalamika kwamba hadithi haina mwisho ni kama mtu aliyeonjeshwa kijiko cha mchuzi mlangoni, akaenda zake akisema wenye nyumba hawakupika.

Si hadithi hii peke yake. The Melancholy of Haruhi Suzumiya, riwaya ya Nagaru Tanigawa iliyotoka mwaka 2003, ilifanywa anime mwaka 2006, na sehemu zake zikarushwa bila kufuata mpangilio wa matukio. Aliyetaka kujua kipi kilitangulia kipi, alipaswa kwenda kitabuni.

Hapa linakuja swali ambalo vijana huniuliza mara kwa mara: nianzie kitabu cha ngapi? Wanataka kuruka walichokwisha kukiona. Kwa hadithi ya Holo hesabu ni rahisi. Awamu ya kwanza ya mwaka 2008 ilitokana na kitabu cha kwanza na cha pili. Awamu ya mwaka 2009 ilichukua cha tatu na cha tano. Mwenye haraka ataanzia cha sita.

Mimi nasema aanzie cha kwanza, na sababu ninazo.

Kwanza, skrini ilibadilisha watu. Katika anime ya mwaka 2008 kuna msichana aitwaye Chloe, anayemfahamu Lawrence tangu zamani na ambaye baadaye anakuwa tatizo kubwa. Katika kitabu Chloe hayupo kabisa. Mahali pake yupo mkulima mwanamume aitwaye Yarei. Anayerukia kitabu cha sita anabeba kichwani watu ambao mwandishi hakuwaandika.

Pili, skrini iliruka. Kitabu cha nne, kinachohusu kijiji cha Tereo na ugomvi wake na mji wa Enberch, kiliachwa katika awamu ya mwaka 2009. Kitabu kizima!

Tatu, na hili ndilo kubwa, skrini haiwezi kufikiri kwa sauti. Chukueni mkasa wa kwanza wa sarafu. Kijana mmoja anamnong'oneza Lawrence kwamba sarafu fulani ya fedha itaongezwa ubora, hivyo aikusanye mapema. Holo anasikiliza mlio wa sarafu za zamani na mpya kwa masikio yake ya mbwa mwitu, na wanagundua kwamba kiasi cha fedha ndani yake kinapungua badala ya kuongezeka. Sasa nani atafaidika kwa kukusanya sarafu inayoporomoka thamani? Kwenye anime jambo hili linapita haraka na wanafunzi wangu waliniambia wazi kwamba hawakulielewa. Kitabuni Lawrence analipima hatua kwa hatua, anakosea, anarudi nyuma, anaanza upya. Sisi ambao tumeishi na faranga inayoshuka thamani tunahitaji vijana wanaoweza kuifuata hesabu ya namna hiyo hadi mwisho wake.

Na aliyeishia Lenos amekosa mtu ninayempenda kuliko wote. Katika kitabu cha sita, Lawrence na Holo wakiwa safarini kwa mashua mtoni, wanakutana na mvulana anayeitwa Col. Ametoka kijiji cha kaskazini kisichofuata dini ya Kanisa. Ametembea peke yake kwenda kusini kusomea sheria za Kanisa hilohilo, ili siku moja azitumie kukilinda kijiji chao. Anasoma ugenini kwa ajili ya nyumbani.

Niruhusuni hapa niseme habari zangu kidogo. Nilizaliwa na kusoma ukimbizini Tanzania, katika makazi ya Warundi waliokimbia mwaka 1972. Darasani tulifundishwa kwa Kiswahili, na nyumbani baba alitusimulia juu ya kilima chetu: migomba, chemchemi, njia iendayo kwa babu. Siku moja ilifika barua kutoka kwa ndugu yake. Alitusomea kwa sauti, lakini nikaona macho yake yakiruka mistari. Aliamini kwamba sisi watoto wa shule ya Kiswahili hatuwezi kusoma Kirundi kilichoandikwa. Hakujua kuwa nilikwisha jifunza kwa kitabu cha nyimbo cha kanisani. Usiku nikaichukua barua ile na kuisoma yote. Nyumba haikuwepo tena, na shamba lilikuwa na watu wengine.

Katika kitabu cha tatu, Lawrence anasikia habari kwamba Yoitsu iliangamizwa zamani sana, naye anamficha Holo kwa kumhurumia. Anadhani Holo hajui kusoma. Holo anaipata barua na kuisoma. Nilipofika hapo nilikifunga kitabu nikakaa kimya kwa muda. Mjapani ambaye huenda hajapata kusikia jina la Ulyankulu wala Mishamo, alikuwa ameniandikia usiku wangu.

Nadhani sasa mnaelewa kwa nini swali la binti yule halikuwa la kitoto kwangu. Mamia ya maelfu ya watu wa nchi hii wamewahi kuliuliza swali hilohilo. Na sisi tuliorudi tunajua jambo ambalo skrini haikulionyesha: kuvuka mpaka si mwisho wa hadithi. Ndipo inapoanza sehemu ngumu. Unakuta kilima kipo lakini si kile cha baba. Unaitwa mgeni kwenye kaburi la babu yako. Unajifunza kuishi. Nikisikia kijana anasema “iliishia pale Lenos, basi”, najisikia kama mtu anayeambiwa maisha yake yaliishia kituo cha mapokezi.

Hasekura hakuishia hapo. Vitabu 17 vilifika mwisho wa safari, na mwaka 2016 alirudi na vitabu vipya vinavyosimulia maisha baada ya safari, yaani kazi za kila siku, wageni, majirani, hofu ya kuzeeka kwa mmoja huku mwingine hazeeki. Filamu ngapi hutuonyesha siku ya pili baada ya kufika?

Najua yatakayosemwa. Walimu wenzangu wamekwisha niambia kwamba hizi ni katuni, kwamba mwanafunzi anapaswa kusoma fasihi ya kweli. Nawaheshimu, lakini nawauliza: mwanafunzi ambaye hajamaliza kitabu hata kimoja kwa hiari yake, ataanzia wapi? Kijana anayetaka kujua kama Holo alifika kwao tayari ana njaa. Kazi yetu ni kumpa chakula, si kumgombeza kwa kuwa ameona njaa mbele ya simu. Akimaliza kurasa zaidi ya 200 za kitabu kimoja kwa Kifaransa au Kiingereza, hatatishika tena akipewa riwaya ya mtihani.

Wengine watasema muhtasari upo kwenye intaneti, mtu anausoma kwa dakika tano. Sawa. Hata mimi ningeweza kumjibu yule binti kwa neno moja, “alifika” au “hakufika”. Lakini baba yangu naye angeweza kutuambia kwa neno moja kwamba nyumba haipo. Kujua jambo na kulipitia ni vitu viwili tofauti.

Hoja ya tatu ina uzito: vitabu hivi ni ghali kwetu na viko mbali. Ni kweli. Lakini kitabu kimoja kinaweza kusomwa na darasa zima. Matoleo ya kielektroniki yapo. Shule ambayo imepata wafadhili wa jezi za mpira inaweza kumwomba ndugu aliye Ubelgiji au Kanada alete vitabu viwili katika mzigo wake. Mimi mwenyewe nilivipata kwa njia hiyo. Sasa kila Ijumaa baada ya masomo, wanafunzi wapatao kumi hukaa nami. Mmoja anasoma ukurasa kwa Kifaransa, mwingine anausimulia kwa Kiswahili, mwingine anamkosoa. Tuko kitabu cha pili. Kelele za kubishania neno moja zinamfanya mlinzi aje kuchungulia.

Kwa vijana wanaotaka kufuata njia hii, anzeni cha kwanza. Msikatishwe tamaa na cha saba, cha kumi na moja na cha kumi na tatu: hivyo ni mikusanyo ya hadithi za pembeni, safari kuu inaendelea katika vingine. Na wewe mzazi ukimkuta mwanao usiku ameinamia simu, kabla ya kufoka muulize hadithi imefikia wapi, na kama inatokana na kitabu.

Yule binti bado hajapata jibu kutoka kwangu. Ijumaa iliyopita alikuja na karatasi yenye maneno 14 ya Kifaransa ambayo hakuyaelewa, akaomba aende nyumbani na kitabu cha tatu ingawa wenzake hawajafika huko. Nilijua ndani yake kuna ile barua. Nikampa.