Nani "Mwenyewe" katika Ilani ya Kuhama Duka?

Neno "mwenyewe" hufanya kazi mbili katika Kiswahili. Tukiokota mbuzi aliyepotea, huuliza "mwenyewe ni nani?" tukimtaka mmiliki. Mtu akisema "nitakuja mwenyewe", anakana kwamba atamtuma mwingine. Kazi hizi mbili zinapokutana katika karatasi ya kumtoa mpangaji dukani, riziki ya mtu huwa hatarini.

Sheria inayohusika ni Sura ya 301 ya Sheria za Kenya, iliyotungwa mwaka wa 1965. Humlinda mpangaji wa duka, hoteli au mkahawa asiye na mkataba wa maandishi, au ambaye mkataba wake hauzidi miaka mitano. Mwenye jengo hana ruhusa ya kumtupia virago nje. Sharti ampe ilani isiyopungua miezi miwili, na humo ataje sababu inayotambuliwa na sheria. Miongoni mwa sababu hizo ni kwamba mwenye jengo mwenyewe anakusudia kulitumia kwa biashara atakayoiendesha humo, kwa muda usiopungua mwaka mmoja.

Tuchukue mfano wa Ramisi, Kwale. Kiwanda cha sukari kilipofungwa mwaka wa 1988, fedha zilitoweka mfukoni mwa wateja. Mwenye duka aliyestahimili miaka kama hiyo, akikopesha unga na mafuta ya taa kwa daftari, hakujenga kuta, alijenga wateja. Na wateja, tofauti na mabati, hawabebeki kwa mkokoteni.

Hata hivyo, sitaki kumchora mwenye jengo kama dhalimu. Mzee mwenye vyumba viwili vya biashara kando ya barabara ya Lunga Lunga, na mwana aliyerudi nyumbani bila kazi, ana haja ya kweli. Atasema, "Duka nalitaka mwenyewe," na majirani wote watamwelewa: yeye na watu wake. Lakini watu wake ni akina nani? Miongoni mwa Wadigo urithi wa kale ulipita upande wa mama, hata mpwa akamtangulia mwana. Sheria ya Kiislamu ikaja na hesabu nyingine, na mvutano baina ya hizo mbili umewashughulisha mahakimu na wanazuoni kwa miaka mingi. Hapo "mwenyewe" ni ukoo mzima.

Kiingereza cha sheria hiyo hakina upana huo. Kimekaza nafsi ya mwenye jengo. Hakimtaji mwana, mke wala mpwa. Mimi si wakili, lakini kwa kuyasoma maneno yalivyo, naona kwamba biashara ya mwana si biashara ya baba hadi Bunge liseme ni yake. Likitaka kuwaingiza jamaa, na liwataje ni akina nani. Nitaliunga mkono, mradi mpangaji naye apewe muda wa kutosha wa kuwahamisha wateja wake.

Kuna jambo linaloniudhi zaidi. Mpangaji ana mwezi mmoja tu, tangu apokee ilani, wa kujibu kwa maandishi kama anakubali au anakataa. Akikataa, apeleke shauri kwenye jopo la kuamua mizozo ya kodi za majengo ya biashara kabla siku ya kuhama haijafika. Akinyamaza, ilani hushika nguvu, na hakuna atakayemuuliza mzee ni nani hasa atakayekaa nyuma ya kaunta. Sheria yenyewe iliandikwa kwa Kiingereza, na ilani hufuata lugha hiyo hiyo. Muuza duka huikunja, huitia chini ya mizani, akangoja mtoto wa jirani arudi kutoka shule ya bweni amsomee. Siku zinakwenda.

Tangu mwaka wa 2010, Kifungu cha 7 cha Katiba kimekifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi pamoja na Kiingereza. Basi ilani hizi zitolewe kwa Kiswahili pia, na walimu wa sekondari wawape wanafunzi wao zoezi la kuitafsiri sababu hiyo moja. Watazozana: "yeye mwenyewe", "yeye binafsi", au "yeye na jamaa zake"? Waacheni wazozane. Juu kabisa ya karatasi, kwa herufi kubwa, paandikwe: UJIBU KWA MAANDISHI KABLA YA MWEZI MMOJA KWISHA.