Ushahidi wa Kura: Mwenye Hati Aitoe

Kila ufanyikapo uchaguzi wa vijiji, vitongoji na mitaa Tanzania Bara, kama ule wa tarehe 27 Novemba, 2024, wapo wananchi wanaonung'unika. Wengi huyamaliza barazani. Wachache hufika mahakamani, na huko hukutana na swali moja: ushahidi uko wapi?

Swali hilo ni la haki. Kura za kijiji kizima haziwezi kutenguliwa kwa uvumi wa gatini. Tangu shauri la Mbowe na Eliufoo la mwaka 1967, mahakama zetu zimeshikilia kwamba mlalamikaji wa uchaguzi athibitishe madai yake pasipo kuacha shaka ya maana, yaani kwa kipimo cha kesi za jinai. Mshindi wa halali naye anastahili ulinzi.

Lakini hati zi mikononi mwa nani? Orodha ya wapiga kura, fomu za uteuzi na karatasi za matokeo hukaa kwa wasimamizi, ambao ni watumishi wa Serikali. Mvuvi wa Mafia au Ukerewe ana macho yake, na nakala ya wakala kama ilitolewa. Mashahidi wake hawana budi kuvuka maji kwa nauli yao. Kumtaka athibitishe jambo ambalo hati yake imefungiwa katika kabati la mdaiwa ni kumtaka achote maji kwa pakacha.

Mwaka 1994, katika shauri la Mchungaji Mtikila, Jaji Lugakingira alikubali kwamba mwananchi aweza kushtaki kwa maslahi ya umma, kwa mujibu wa ibara ya 26 ya Katiba. Marekebisho ya sheria ya mwaka 2020 yakamtaka mlalamikaji wa haki za msingi aeleze kwa kiapo jinsi yeye binafsi alivyoathirika. Hivyo mzigo ulimwelemea hata kabla shauri halijasikilizwa.

Jirani zetu wa Kenya wametoa fundisho. Mwaka 2013 Mahakama ya Juu ilisema kipimo kiwe juu ya kile cha madai ya kawaida, lakini chini ya kile cha jinai. Mwaka 2017 iliamuru Tume ya Uchaguzi ifungue mitambo yake ikaguliwe. Tume haikutii ipasavyo. Mahakama ikalihesabu jambo hilo dhidi yake, na tarehe 1 Septemba majaji wanne kwa wawili wakabatilisha matokeo. Lilikuwa shauri la Rais, lakini kanuni yake yafaa hata kitongojini: mwenye hati akiificha, mzigo wa kujieleza uhamie kwake.

Hatusemi mahakama ziamini kila lalamiko. Tunasema kila wakala apewe nakala ya matokeo kabla hajaondoka kituoni. Hati zitunzwe mpaka mashauri na rufaa zimalizike. Na mahakama ikiziagiza, ziletwe bila visingizio. Ndugu viongozi wasiione kazi hiyo kuwa ni kuwasaidia wapinzani. Karatasi safi ndiyo ngao ya mshindi wa kweli.

Nao wananchi wakumbuke kwamba kiapo si hotuba. Waandike kituo, saa na tarehe, na waseme waliyoyaona, si waliyoyasikia. Haki ya kura hailindwi kwa hasira. Hulindwa kwa ushahidi, na ushahidi hauna budi kupewa njia ya kufika mbele ya hakimu.