Utepe Wamekata, Nyasi Nani Atakata?

Jumamosi nilienda kukaa kwenye bustani ya mtaa wetu, ile iliyozinduliwa kwa ngoma na fulana za bure. Nasema kukaa, ila nilikalia tofali, maana mabenchi yameshang'olewa mbao. Bembea imebaki na mnyororo mmoja. Taa za sola zimeshapata wenyewe. Mlinzi ana miezi minne hajalipwa, ndo maana siku hizi anauza karanga pale getini, na mimi simlaumu.

Nikamuuliza diwani. Akasema, "Mradi ulishakabidhiwa, kijana." Kwa nani? Halmashauri wanamtaja mtendaji, mtendaji anawataja halmashauri.

Tuelewane, hakuna anayepinga bustani hapa. Watoto wa uswahilini wanacheza mpira katikati ya bodaboda. Tunachopinga ni hela ya umma kujenga kitu kisicho na fungu la kukitunza. Barabara zina Mfuko wa Barabara tangu 1998, na tozo ya mafuta inaingia humo. Mikopo ya wanawake, vijana na watu wenye ulemavu imetengewa kisheria asilimia 10 ya mapato ya ndani ya halmashauri. Bustani ina nini? Ina "tutaangalia bajeti ijayo".

Na kinachonitisha zaidi si nyasi. Eneo likishachakaa ndipo "mwekezaji" anapojitokeza. Leo pori, kesho maegesho, keshokutwa fremu za maduka. Marekani, chini ya sheria ya Land and Water Conservation Fund ya 1965, bustani iliyopokea fedha za mfuko huo haibadilishwi matumizi mpaka serikali kuu iridhie, na litolewe eneo lingine lenye thamani isiyopungua ile. Sisi tunabadilisha kwa muhtasari wa kikao!

Kabla mkandarasi hajasaini, baraza la madiwani lipitishe na gharama za matunzo za miaka 20, zibandikwe getini pamoja na cheo cha afisa anayewajibika. Kodi ya vibanda vya chips ibaki kwenye akaunti ya bustani, isimezwe na kapu kubwa. Kufyeka na kulinda wapewe vijana wa mtaa kwa mkataba wa kulipwa, siyo "kujitolea" kila siku ya usafi.

Baraza linakaa robo hii, na mwananchi anaruhusiwa kuingia kusikiliza. Picha za bembea nimeshapiga. Nani tunaenda naye?