Mafuta ya kurudia yanunuliwe kabla ya mzigo

Magari madogo yaliyotumika kutoka Japani yamebadilisha sana biashara ndogondogo hapa nchini. Zamani mtu mwenye kreti chache za zabibu, trei za mayai au magunia mawili ya vitunguu alilazimika kusubiri basi, au kumbembeleza mwenye lori ampe nafasi juu ya mzigo wa mwingine. Leo mfanyabiashara huyo analaza viti vya nyuma vya gari lake, anapakia, anaondoka saa anayotaka mwenyewe. Hayo ni maendeleo na hakuna wa kuyabeza.

Hata hivyo, wengi wetu tunanunua magari haya kwa kuuliza swali moja tu: "Linakula mafuta?" Muuzaji hujibu kuwa halili kabisa, na mazungumzo huishia hapo. Mnunuzi hajui tangi linabeba lita ngapi, hajui kila lita inampeleka kilomita ngapi akiwa na mzigo, na kwa hiyo hajui gari lake linafika wapi kabla ya kuzima. Kwa mtu anayekwenda kazini na kurudi mjini, kutojua huko ni usumbufu mdogo. Kwa mfanyabiashara anayefuata mazao mikoani ni hasara inayokula mtaji kimyakimya.

Tuanze na tangi lenyewe. Toyota Vitz za toleo la kwanza, lililoanza kutengenezwa mwaka 1999, zina tangi la lita 45. Toleo lililofuata mwaka 2005 lilishuka hadi lita 42. Toyota Probox, ambayo wafanyabiashara wengi wanaipenda kwa nafasi yake ya mzigo, ina tangi la lita 50. Mtu akisikia hivyo anaweza kudhani kuwa mwenye lita 50 ndiye atakayefika mbali kuliko wote. Si lazima iwe hivyo. Gari la lita 50 linalokwenda kilomita 12 kwa lita linamaliza tangi kwenye kilomita 600. Gari la lita 42 linalokwenda kilomita 15 kwa lita linafika kilomita 630. Tangi ni kama ghala: ukubwa wake haukuambii chakula kitatosha siku ngapi mpaka ujue nyumbani mnakula kiasi gani kwa siku.

Hapo ndipo penye mtego wa pili. Matangazo ya magari haya huandika kilomita 18, 20 au zaidi kwa lita. Takwimu hizo si uongo, lakini hazikupimwa barabarani kwetu. Magari ya miaka ya 1990 na 2000 yalipimwa kwa utaratibu wa Japani uitwao 10-15, ambapo gari huwekwa juu ya magurudumu ya mashine ndani ya jengo na kuendeshwa kwa mwendo wa taratibu usiozidi kilomita 70 kwa saa. Hakuna upepo wa mbele, hakuna mlima, hakuna kreti kwenye keria, na injini ni mpya. Baada ya kuonekana kuwa vipimo hivyo vinawapa wateja matumaini makubwa mno, Wajapani wenyewe walivibadilisha, kwanza kwa utaratibu wa JC08 na baadaye WLTC. Gari lenye umri wa miaka 15, lililobeba mzigo na kukaa kwenye foleni ya Kimara, haliwezi kukupa kilomita zile zile.

Kuna jambo la tatu ambalo husahaulika. Lita zote za tangi si za kupangia safari. Katika magari mengi madogo taa ya mafuta huwaka zikiwa zimebaki lita tano hadi saba hivi. Hiyo ni akiba ya dharura, sawa na mbegu ambayo mkulima haipiki hata njaa ikibisha hodi. Kwa hiyo mwenye tangi la lita 42 apange safari kwa lita 35 tu.

Sasa tuchukue safari halisi. Kutoka Dar es Salaam hadi Dodoma ni kilomita 450 hivi. Gari lenye lita 35 za kupangia, likienda tupu kwa kilomita 14 kwa lita, linafika kilomita 490. Litaingia Dodoma, lakini litakuwa limebakiza kilomita 40 tu kabla ya kugusa akiba. Likirudi na mzigo na kushuka hadi kilomita 12 kwa lita, lita zile zile 35 zinalifikisha kilomita 420. Halifiki Dar es Salaam. Taa itawaka njiani, pengine usiku, mzigo ukiwa ndani. Gari ni lile lile, tangi ni lile lile na barabara ni ile ile. Kilichobadilika ni mzigo tu.

Kuijua namba ya gari lako hakuhitaji fundi wala mashine. Jaza tangi mpaka bomba la pampu lijikate lenyewe, kisha rudisha sifuri kile kihesabio kidogo cha kilomita za safari. Fanya shughuli zako kwa kilomita 200 au 300. Rudi kwenye kituo kile kile, jaza tena mpaka bomba lijikate, halafu gawanya kilomita ulizotembea kwa lita zilizoingia. Ukitembea kilomita 294 na zikaingia lita 21, gari lako linakwenda kilomita 14 kwa lita. Rudia zoezi hilo ukiwa na mzigo, na mara nyingine kwenye barabara ya vumbi. Andika namba hizo tatu kwenye daftari la biashara, maana ni muhimu kama bei ya mzigo wenyewe.

Nasema hivyo kwa sababu namba hizo ndizo zinazoamua faida. Tufanye lita moja ni Sh3,000 ili hesabu iwe rahisi. Wewe weka bei ya kituo chako. Mfanyabiashara anafuata kilo 240 za zabibu Dodoma. Kwenda ni kilomita 450 gari likiwa tupu, sawa na lita 32. Kurudi na mzigo ni lita 37 na nusu. Kuzunguka vijijini kwa wakulima kilomita 60, kwa kilomita 10 kwa lita, ni lita sita. Jumla ni lita 76 hivi, sawa na Sh228,000. Kila kilo ya zabibu imebeba Sh950 za mafuta.

Mwenzake aliyeamini tangazo la kilomita 20 kwa lita atapiga hesabu ya kilomita 960 na kupata lita 48, yaani Sh144,000, au Sh600 kwa kilo. Kama alipanga faida ya Sh400 kwa kila kilo, Sh350 kati ya hizo zimekwisha kuungua barabarani. Alitegemea Sh96,000, atapata Sh12,000, na hapo hajalala gesti wala hajala. Mtu kama huyu atasema soko ni baya au wakulima wamepandisha bei. Ukweli ni kwamba alipanga bei yake kwa kilomita ambazo gari lake haliwezi kuzitoa.

Najua pingamizi litakalotolewa. Mtaji wa mfanyabiashara mdogo ni mdogo, na kujaza lita 42 ni Sh126,000, fedha ambazo zingenunua mzigo. Pingamizi hilo lina ukweli, na simwambii mtu atembee na tangi lililojaa kila siku mjini. Tofauti iko kwenye safari ya biashara. Mara nyingi mtu akifika shambani na kukuta bei nzuri, anatia fedha zote kwenye mzigo kwa imani kuwa mafuta yatapatikana mbele ya safari. Njiani analazimika kuuza kreti mbili kwa bei ya kutupa ili apate mafuta ya kufika nyumbani. Kreti hizo mbili ndizo zilizokuwa faida yake. Kwa hiyo kanuni iwe moja: mafuta ya kurudia yanunuliwe kabla ya mzigo. Ukishafika kwenye mji wenye vituo, jaza tangi kwanza, halafu fedha iliyobaki ndiyo iende shambani. Kama haitoshi kununua mzigo wa kulipa safari, basi safari hiyo ilikuwa haijaiva.

Mazoea ya kuweka "elfu kumi, elfu kumi" nayo yana gharama zake. Kwa bei tuliyoitumia, elfu kumi ni lita tatu na kidogo, yaani kilomita 40 hivi ukiwa na mzigo. Anayefanya hivyo hutembea taa ikiwa inawaka karibu muda wote. Katika magari yenye mfumo wa umeme wa kupulizia mafuta, pampu inakaa ndani ya tangi na hupozwa na mafuta yenyewe. Ukilizoesha tangi kukaa tupu, pampu hupata joto na maisha yake hupungua, na pampu ikifa katikati ya pori hakuna cha kufanya zaidi ya kutafuta wa kukuvuta.

Pia anayeishiwa hana uchaguzi. Atanunua petroli ya kwenye chupa au dumu kando ya barabara, bila kujua ni lita kamili au imechanganywa na nini. Uchakachuaji si hadithi. Kwa sababu yake nchi ilianza kuweka vinasaba kwenye mafuta mwaka 2010, na mwaka 2011 ushuru wa mafuta ya taa ulipandishwa ili yasitumike kuchanganyia. Wengine hudhani dawa ni kubeba dumu la petroli ndani ya gari. Petroli haina mzaha. Msamvu, Morogoro, Agosti 10, 2019, watu zaidi ya 100 walipoteza maisha baada ya lori la mafuta kuanguka na kulipuka. Mvuke wa dumu linalovuja ndani ya gari lililofungwa vioo unaweza kuwaka kwa cheche moja.

Kulijua tangi lako kunakulinda hata kwenye kituo. Kama tangi ni la lita 42, taa imewaka hivi punde, na pampu inaonyesha zimeingia lita 43, una haki ya kuuliza. Tangi na shingo yake huweza kupokea kidogo zaidi ya kiwango kilichoandikwa, kwa hiyo usiwahi kumwita mtu mwizi kwa lita moja, lakini lita sita au saba haziwezi kutokea hewani. Chukua risiti ya EFD, angalia kama pampu ina stika ya ukaguzi ya Wakala wa Vipimo, na upeleke malalamiko huko. Asiyejua tangi lake halalamiki, maana hana cha kulalamikia.

Jambo jingine ni kupanga mahali na siku ya kujaza. Tangu Januari 2009 EWURA hutangaza bei kikomo, na bei hizo hutofautiana kutoka mji hadi mji kwa sababu ya gharama za kusafirisha mafuta kutoka bandarini. Mikoa ya mbali kama Kigoma na Kagera hulipa zaidi. Bei mpya huanza Jumatano ya kwanza ya mwezi. Anayejua gari lake linafika wapi anaweza kujaza palipo na nafuu na kuruka palipo ghali. Anayetembea na taa hununua popote inapomlazimu. Na tusisahau Agosti 2011, pale vituo vingi vilipoacha kuuza mafuta baada ya bei kushushwa. Waliokuwa na nusu tangi waliendelea kwa siku kadhaa, waliokuwa na elfu kumi walisimama siku ya kwanza.

Wapo wanaoona suluhisho ni kufunga mfumo wa gesi asilia. Kwa anayezunguka Dar es Salaam gesi ni nafuu ya kweli. Kwa anayefuata mazao mikoani, akumbuke kuwa mtungi hula nafasi ya mzigo, kilomita zake ni chache kuliko za tangi la petroli, na vituo vingi vya gesi viko Dar es Salaam na jirani zake. Hesabu ya umbali ni ile ile, tena inataka umakini zaidi.

Serikali nayo ina sehemu yake. Wakala wa Nishati Vijijini (REA) ulianzisha mikopo ya kujenga vituo vidogo vya mafuta vijijini, na jitihada hizo ziharakishwe, hasa kwenye kata zinazozalisha sana na ambako mafuta ya chupa ndiyo pekee yaliyopo. Kituo kimoja chenye pampu iliyokaguliwa kinaokoa fedha za mkulima na za mnunuzi wake, kwani gharama ya mafuta ya mnunuzi hatimaye hukatwa kwenye bei anayopewa mkulima.

Lakini kabla vituo havijafika, kila mmoja anaweza kuanza na daftari lake. Wiki hii jaza tangi mara mbili, piga hesabu, uandike namba ya gari lako likiwa tupu na likiwa na mzigo. Kisha rudia bei ya bidhaa yako kwa namba hiyo. Wapo watakaogundua kuwa safari waliyoiita biashara ilikuwa matembezi ya gharama, na ni afadhali kulijua hilo leo kuliko mtaji utakapokwisha.