Onyesho lilirekodiwa Isiolo, sauti ni ya nani?

Mwezi uliopita niliitwa Isiolo kurekodi onyesho la jazi la vijana wa huko. Mimi ni mtu wa Mombasa, nimezoea kumbi zenye kuta na umeme wa uhakika (haya, wa uhakika kiasi). Kule tulikuwa kiwanjani, upepo ukivuma tangu alasiri na jenereta ikinguruma nyuma ya jukwaa. Ngoma niliziwekea maikrofoni nne, gitaa la besi nikaliunganisha kwa waya moja kwa moja, ya saksofoni nikaivika sponji kuzuia upepo. Kila chombo nilikirekodi peke yake ili nije kuchanganya sauti baadaye. Jenereta niliomba isogezwe mpaka waya ukaisha.

Hayo ni ya ufundi, yana dawa. Lililonikwamisha lilikuja baadaye, pale mwimbaji mmoja, aliyechanganya jazi na nyimbo za Kiborana za wazee wake, aliponiuliza: "Kaka, hii sauti sasa ni ya nani?" Mwandaaji alikuwa keshapanda gari. Karatasi haikuwepo.

Tangu lami ifike Moyale, waandaaji kutoka Nairobi hufika kaskazini kwa urahisi, na hilo ni jema. Lakini Sheria ya Hakimiliki ya 2001 inasema onyesho la msanii halirekodiwi bila idhini yake. Ipo pia sheria ya 2016 ya kulinda maarifa ya jadi na tamaduni, inayozitaka kaunti ziwe na rejista ya mambo hayo. Studioni msanii anaweza kukataa kurudi kesho mpaka waelewane. Jukwaani anapiga mara moja tu, na akishuka, mwenye mashine ndiye mwenye nguvu.

Nasi wa Pwani tusijitoe. Miaka ya 60 na 70 bendi za Tanga kama Atomic Jazz na Jamhuri Jazz, ambazo jazi ilikuwa kwenye jina na dansi kwenye muziki, zilirekodi wote wakipiga kwa pamoja. Mbaraka Mwinshehe, aliyevuma na Morogoro Jazz, alifariki kwa ajali ya gari hapa Mombasa mwaka 1979. Nyimbo zake tunazicheza hadi leo. Muulize anayezipiga harusini, pesa ya nyimbo zile humlipa nani.

Mkataba wa kurekodi hauhitaji wakili wa bei. Ukurasa mmoja unatosha: majina ya wapigaji wote, nani ataiuza sauti, wapi itawekwa, na mgao ni kiasi gani. Utiwe sahihi kabla ya kupima sauti, si wakati watu wanakunja nyaya.

Yule mwimbaji nilimnakilia rekodi yote kwenye kadi. Ya mwandaaji ninayo hapa nyumbani, nasubiri karatasi yenye sahihi za wote saba. Amepiga simu mara tatu. Karatasi bado.